Picha Yako Imekuja Bila Uso

Susuni, Jumapili

Mwita,

Gazeti limefika. Naanza na hilo kwa sababu ndilo ulilokuwa ukiniuliza kila Ijumaa, "Marwa, posta wamesemaje?", nami nikikujibu kwamba Nairobi ni mbali na kuchapa picha si kuchoma mahindi. Limefika Jumanne, wewe ukiwa na miezi saba ardhini. Nilikwenda Tarime kwa baiskeli kuchukua chaki za shule, karani wa posta akanipa bahasha ya kaki yenye jina langu. Sikuifungua pale. Nilisukuma baiskeli mpaka nje ya mji, nikakaa kwenye nyasi kando ya barabara, nikaifungua taratibu kwa kisu.

Ni toleo maalumu kweli, kama yule mpiga picha alivyotuambia. Karatasi nzito, inang'aa. Juu wameandika kwamba ni toleo la kuusifu mwili wa mwanamichezo. Kuna bondia wa Kampala, kuna mkimbiaji, kuna Mzungu mwogeleaji anayecheka huku maji yakimtiririka. Kila mmoja na jina lake chini. Wewe umepewa ukurasa mzima wa katikati. Mkono umekwenda nyuma na mkuki, mbavu zinahesabika, msuli wa bega umesimama. Ni wewe, kovu la pembe ya ng'ombe lipo ubavuni. Lakini picha inaanzia shingoni, Mwita. Wamekukata hapo chini ya kidevu, na huku chini wamekukata magotini. Wameandika: Mrushaji mkuki, Jimbo la Ziwa. Halafu vipimo. Kifua, mkono, paja. Ni vile nilivyokupima kwa utepe wa fundi cherehani, wewe ukisema, "Unanipima kama ng'ombe wa mnadani, taja bei basi." Jina lako niliwaandikia kwa herufi kubwa juu ya vipimo. Vipimo wamevichukua vyote.

Nimelifungua daftari langu la kumbukumbu kuitafuta siku ile. Nimeandika hivi: "Jumamosi. Jua kali. Mpiga picha amefika uwanjani saa nne asubuhi. M. amekanyaga msumari, mguu wa kushoto, jeraha dogo. Amemaliza kazi vizuri." Basi.

Sikuandika kwamba ulitaka kukaa. Yule bwana alikuwa akisema, "Mara moja tena, kijana, mara moja tena," na wewe ulikaa chini ukashika mguu, na mimi, si yeye, ndiye niliyesema, "Mtu ametoka Nairobi kwa ajili yako, wewe unakaa kwa sababu ya msumari?" Ukacheka, ukapaka vumbi juu ya damu, ukainuka. Nafundisha watoto wa watu kuosha vidonda, Mwita. Nawachorea ubaoni. Na siku ile niliandika "jeraha dogo" nikakausha wino.

Mama yako nilimwambia baada ya mazishi. Nilipiga magoti kabisa. Akasema, "Msumari haumwangushi mtu aliyekuwa akibeba ndama begani. Kuna mtu alimwangalia vibaya." Afadhali angenipiga.

Wewe hukujiona zile siku nne za mwisho, kule hospitali ya misheni. Pepopunda inakaza taya, inavuta midomo nyuma mpaka meno yote yanabaki nje. Mtu akiwa mlangoni angedhani unacheka. Nesi alikuwa akikufunika uso kwa kitambaa wageni walipokuja, mama yako akikiondoa. "Ni mwanangu, sio maiti," alimwambia. Tumekuzika na uso ule. Tangu hapo, nikifumba macho, ndio unaokuja. Ule mwingine, wa miaka yote tuliyokaa pamoja, sijui umekwenda wapi. Nautafuta na siupati.

Sasa nikuambie la nyumbani. Mama yako anaoa.

Ulikuwa mtoto wake pekee wa kiume, na nyumba yake haiwezi kuachwa ife. Kwa hiyo atatoa ng'ombe, kama mama zetu wanavyofanya, aoe binti kwa jina lako, na watoto watakaozaliwa wataitwa watoto wa Mwita. Binti anaitwa Ghati, wa Nyangoto. Baba yake amekubali. Mama yako alikuwa na neno moja tu, na aliniambia mimi: "Nataka mke amwone mumewe. Na mimi nataka kumwona, yule wa kabla ya ugonjwa. Ulisema picha itakuja." Nikamjibu kwamba itakuja. Unajua hakuna picha nyingine. Hiyo ndiyo ya kwanza uliyopigwa na ndiyo ya mwisho.

Siku mbili nilikaa na lile gazeti chini ya mto. Alhamisi Ghati akaletwa na shangazi yake kuiona nyumba, mama yako akatuma mtu shuleni kuniita. Nikapitia kwangu kulichukua gazeti, nikaenda nalo.

Alikuwa amefagia mpaka nje ya boma. Alilipokea gazeti kwa mikono miwili. Nikamfungulia ukurasa. Aliangalia kovu, akaligusa, akasema, "Ndiye." Kisha akageuza karatasi kuangalia upande wa pili. Akairudisha. Akaigeuza tena.

"Kichwa wamekiweka ukurasa gani?"

Nikamwambia hakipo, Mama.

Shangazi wa binti akasogea akachungulia. "Sisi tunaletewa mume kifua na mapaja? Hata mwenye bucha huwa anaonyesha kichwa, ujue umeuziwa mnyama gani." Hakusema kwa ubaya, ni mtu wa utani. Hakuna aliyecheka. Mama yako alilifunga gazeti akanirudishia.

"Basi sema wewe," akaniambia. "Mlitahiriwa siku moja, mkakaa dawati moja. Mwambie huyu mtoto mumewe alikuwaje usoni."

Mwita, nilifungua mdomo. Nikasema ulikuwa mrefu. Mama yako akasema, "Usoni." Nikasema ulikuwa na paji pana, na sikuwa na hakika hata na hilo. Nina madaftari sita. Nimeandika kila umbali uliorusha, alama zako za hesabu, siku mvua ilipoanza. Hakuna mstari mmoja unaosema ulikuwa na uso wa namna gani. Nani humwandika mtu anayemwona kila siku? Nilikaa mbele ya wanawake watatu na kitu pekee kilichonijia ni yale meno.

Ghati akauliza, akiangalia chini, "Alikuwa mtu wa kucheka?"

Mama yako akaniangalia. Hajawahi kuniangalia vile.

"Ndiyo," nikasema.

"Basi," akasema binti, na nikaona amefurahi kidogo. "Mtu wa kucheka nitakaa kwake."

Mama yako aliinuka akatoka, akasimama zizini na mgongo wake kwetu mpaka wageni wakaaga.

Si uongo. Ulicheka maisha yako yote, ulicheka hata na ule msumari. Lakini nilipojibu "ndiyo" nilikuwa naiona hospitali, na yeye alijua naiona hospitali, na tukamwacha yule binti aondoke na furaha yake. Wiki ijayo ng'ombe wanakwenda Nyangoto. Ataingia nyumba yako akiwa na hicho tu. Mimi ndiye niliyempa.

Sina la kukufariji nalo, wala sitajifanya ninalo. Wachungaji wanasema mwili si kitu. Mimi nimeuona ukisifiwa kwenye karatasi nzuri, na nimeuona hospitali, na sijui wanasema mwili upi.

Nakuaga, mwenzangu. Ninachoweza kukuahidi ni kidogo. Watoto wa Ghati wakikua watanijia, maana wataambiwa mimi ndiye niliyekujua. Wakiniuliza baba yao alikuwaje, sitasema tena lile "ndiyo". Nitawaambia nilikuwa naye kila siku, na sikumwangalia.

Marwa