Mwavuli wa Jani Moja

Njombe,
4 Aprili 1948

Kwa Shangazi Bertila,

Kamwene, Shangazi. Mimi ni mzima kupita kiasi, ukiniona utadhani nimemaliza ng'ombe peke yangu. Natumaini nawe hujambo huko Makambako, na dada Lucia na mapacha wake hawajambo, na sasa wanalia kwa zamu, si wote pamoja.

Habari ya ule mmea wako wa mwavuli, wa chini ya mianzi, usiwe na wasiwasi. Unasimama kama askari wa Bomani. Ulisema ukirudi ukaukuta mzima utakwenda mwenyewe kwa Mzee Tarsis kuniombea binti yake Ema. Basi anza kufua khanga ya kwendea. Mtu aliyefika darasa la nne ashindwe na majani?

Ni mimi mwanao, fundi wa mambo yote,
Enoki

Makambako,
19 Aprili 1948

Mwanangu Enoki,

Salamu zako Odilo amezifikisha na lori lake. Sisi wazima. Mapacha bado wanalia pamoja.

Mmea ule Bibi Mchungaji alinipa ndani ya kopo la samli, siku Wajerumani wa misheni walipochukuliwa kwa ajili ya vita. Hakuwa na nafasi ya kunipa kingine. Hautaki jua, hautaki maji mengi, hautaki kushikwashikwa. Nilipoanza kukueleza habari zake za kipupwe ulisema, "Nimeshaelewa, Shangazi," ukaenda zako. Kama umeelewa, vema.

Mzee Tarsis hana haraka. Nami sina.

Shangazi yako,
Bertila

Njombe,
27 Juni 1948

Shangazi mpendwa,

Kamwene. Baridi ya hapa mwaka huu inauma masikio, lakini mimi inaniogopa. Je, hali yako? Na wale waimbaji wawili?

Shangazi, mwavuli wako umenifika kifuani! Majani yake mapana, kijani kibichi, yanang'aa. Juzi ukungu uliposhuka, mimi na rafiki yangu Mika tulijikinga chini yake, na Mika ni shahidi. Watu wanaopita njiani wanasimama. Ema mwenyewe alipita na mtungi, akasema hajawahi kuona. Mimi nikakohoa tu kidogo kama mwenye mali.

Ile khanga imekauka?

Mwanao, bingwa wa kivuli,
Enoki

Makambako,
11 Julai 1948

Mwanangu Enoki,

Hatujambo.

Mwavuli wa Bibi huanza kugeuka manjano mwezi wa tano. Mwezi wa sita ukiisha hauonekani juu ya ardhi. Unalala huko chini mpaka mvua za mwisho wa mwaka. Nimeishi nao miaka minane na sijawahi kuuona ungali juu mwezi wa saba ukikaribia.

Niambie hicho kilichokufika kifuani ni kitu gani.

Shangazi yako,
Bertila

Njombe,
1 Agosti 1948

Shangazi,

Kamwene. Mimi mzima, ila si sana.

Ni magimbi.

Nilipoona majani yanageuka manjano niliogopa. Nikamwagilia asubuhi na jioni. Yakalala upesi zaidi. Nikachukua jembe nikachimba nione kama kuna uhai. Nikakuta mizizi imelala kama kamba, nikaikatakata bila kukusudia. Nikaifukia palepale, nikashuka bondeni nikang'oa magimbi nikayapanda juu yake, maana nayo majani yake mapana. Mika hakuwa shahidi, alikuwa mshika ndoo. Hata hayo magimbi baridi imeyababua yote, yamekuwa meusi.

Lile la Ema kupita ni kweli. Alisema, "Haya si magimbi?" Ndiyo sababu nikakohoa.

Naomba usimwambie Mzee Tarsis.

Mwanao,
Enoki

Makambako,
15 Agosti 1948

Enoki,

Ng'oa magimbi. Funika mahali pale kwa majani makavu ya mianzi. Usimwagilie. Usichimbe tena kuangalia. Usiniandikie mpaka uwe na neno.

Shangazi yako

Njombe,
12 Desemba 1948

Kwa Shangazi Bertila,

Kamwene. Natumaini wote hamjambo. Mimi sijambo.

Mvua ilianza wiki tatu zilizopita. Yameota mashina matano, mahali palipokuwa na mawili. Yalitoka yamejikunja kama miavuli iliyofungwa, sasa yamefunguka. Yamenifika chini ya goti. Kila shina lina jani moja tu. Ua halipo. Nakumbuka ulisema ua hutoka pale shina linapogawanyika na kubeba majani mawili, na ya namna hiyo sina hata moja. Labda ni kwa ajili ya jembe langu.

Sikuchimba. Nilitaka sana, lakini sikuchimba.

Ema alipita tena, akaniuliza natazama nini. Nikamwambia jina lake la kweli silijui. Akachuchumaa naye akatazama.

Mwanao,
Enoki

Makambako,
2 Januari 1949

Mwanangu Enoki,

Tumeuona mwaka mpya salama. Mapacha wanatambaa, na sasa hakuna kitu kinachokaa mahali pake.

Mzee Tarsis alikuwa na safari zake za huku, akapita Jumanne. Dada yako akampa chai. Akauliza, "Huyo kijana wako yukoje?" Nikamweleza yote, la kopo, la jembe na la magimbi. Nilipofika kwenye magimbi alimwaga chai. Akafuta goti. Kisha akauliza, "Na sasa?"

Nikamwambia sasa ana jani moja.

Akauliza la pili huchukua muda gani. Nikasema mwaka, pengine miwili, asipochimba.

Akasema atangoja.

Shangazi yako,
Bertila