Sina Muda Mrefu Hapa

Jumatatu, 4 Machi

Bomba la ngazini limepasuka tena. Maji yanateremka hadi chini, na hakuna aliyechungulia. Kila mtu na kitasa chake.

Hata siku marehemu mume wangu aliposhushwa kwenda kuzikwa walijifungia. Lifti ilitangulia kufa, ikabidi abebwe kwa ngazi. Aliyetoka ni Mama Pindo peke yake, fundi cherehani wa mlango wa pili. Akanishika mkono, subana ya kushonea bado kidoleni.

Jumatano, 6 Machi

Mama Pindo kaniletea chai. Nikamwambia, tangu marehemu anitoke, naona nami sina muda mrefu hapa. Akanipapasa goti. Nimelala vizuri – mara ya kwanza tangu msiba!

Ijumaa, 8 Machi

Ukuta wetu na Mama Pindo una ufa. Marehemu aliuita redio. Cherehani ikianza kulia, alikuwa akisema, "Nyamaza, taarifa ya habari."

Leo redio imetangaza! Mwenye nyumba alikuwa kwa Mama Pindo. Nikamsikia shoga yangu: yule mjane anahama, mwenyewe kasema hana muda mrefu hapa. Mwenye nyumba akauliza lini. "Wiki ijayo," akajibu, "na dada yangu yuko tayari kuingia."

Lakini mimi nilisema kufa! Tulifua naye nguo za marehemu, beseni moja. Hakunielewa?

Jumapili, 10 Machi

Nimemgongea. Kafungua kidogo, mnyororo hakuutoa.

"Shoga, mimi nilisema kufa."

"Kufa, kuhama, si kote ni kuondoka?" Akacheka. Mimi sikucheka. Akainamisha macho. "Dada yangu ana watoto watatu. Wewe na vyumba viwili, unamtandikia nani?"

Alinielewa, basi. Tangu siku ile ya chai.

Kikulacho ki nguoni mwako – na nguo yenyewe kashona yeye.

Mwenye nyumba hapokei simu.

Jumanne, 12 Machi

Naandika nimekaa sakafuni, mgongo mlangoni. Nje kuna fundi wa kufuli, katumwa na mwenye nyumba abadilishe kitasa. Ana adabu, kapiga hodi kwanza.

"Shikamoo, kama kuna mtu."

"Marahaba," nimeitikia.

Cherehani imesimama. Mlango wa pili umefunguka.

"Toboa tu, baba," anasema Mama Pindo. "Humo hamna mtu."

"Mbona nimeitikiwa?"