Mjerumani Asiyetaka Kazi, na Likizo Yangu

Ijumaa. Joto limelegea hatimaye. Tumezima AC, dirisha liko wazi, na mtaa wote wa Naif, hapa Dubai, unaingia chumbani na kelele zake. Nimechoka, lakini leo sijalala mchana. Nataka kuandika.

Jana nilikuwa napiga pasi kwa madam. Yeye na sir ni Wajerumani, na jioni hufungulia TV ya kwao. Alikuwepo mzee mmoja ambaye wao humwonyesha kila wakibishana kuhusu pesa ambazo serikali yao huwapa wasio na kazi. Madam hunitafsiria. Mtangazaji alimuuliza kwa nini hafanyi kazi, na yeye akajibu tu, "Sitaki." Watu ukumbini wakamzomea. Akanywa maji yake.

Sir akafoka apewe ufagio. Madam akasema sheria ni sheria, hata mvivu lazima ale. Kisha akanigeukia: "Ona Mercy. Ameacha mtoto Nyeri na hajawahi kulalamika."

Sifa hiyo ilinichoma kuliko pasi.

Kwa sababu ni kweli. Likizo yangu imesogezwa mara mbili, na mara zote nilisema, "Hakuna shida, madam." Kwetu hiyo ni adabu, na mtu akiisikia hukuuliza tena kama kweli hakuna. Madam hakuuliza.

Papo hapo akaongeza kwamba wazazi wa sir wanakuja Krismasi, kwa hiyo niende Machi, sawa?

Machi! Nyambura wangu anaanza darasa la kwanza Januari. Juzi aliniuliza kwa simu, "Mum, utanipeleka wewe ama ni shosho tena?" Shosho ndiye bibi yake anayemlea.

Yule mzee simpigii makofi. Mimi kazi naiheshimu, inamlisha mtoto wangu. Lakini alizomewa na ukumbi mzima na hakufa.

Nikasimamisha pasi. "Hapana, madam. Naenda Desemba. Nitarudi nikishamfikisha mtoto shule."

Sir akapunguza sauti ya TV. Madam akasema, "Tutaongea Jumamosi."

Mwanahamisi wa Tanga, tunayeishi naye chumba kimoja, amecheka mpaka akashika mbavu. "Shoga, yaani ushujaa umefundishwa na mvivu! Na wakikufukuza?"

Wanaweza. Visa yangu iko mikononi mwao. Naogopa, sidanganyi.

Lakini kesho nikiitwa sebuleni, sitatabasamu ili kuwarahisishia. Nitauliza swali moja tu: tiketi yangu ni ya tarehe gani?