Siku Moja Mbele ya Bahari

Jumapili, baada ya alasiri. Mfunguo Mosi, tarehe kumi na saba.

Hapana. Kumi na sita. Nimefuta, nimeandika upya, na kufuta huko ndiko habari yote ya leo.

Jua limewaka tangu asubuhi na upepo hakuna, hata wa kupeperusha ushungi. Niko barazani, miguu ndani ya beseni la maji ya vuguvugu na chumvi. Kisigino cha kulia kimechunwa na jiwe. Mume wangu Salum amevuka kwenda mjini Masoko, nyumba imetulia, na mimi nina hasira. Hasira zenyewe ni za kunihusu mwenyewe, kwa hiyo sina hata wa kumnunia.

Leo ulikuwa mtihani wangu.

Kwa anayenisoma kwa mara ya kwanza: mimi natembeza wageni hapa Kilwa Kisiwani. Wengi wanawapeleka kwenye magofu, wanapiga picha, wanarudi. Kikundi chetu kina safari ya kuzunguka kisiwa kwa miguu, ufukweni mwanzo mpaka mwisho. Miaka miwili nimetembea nyuma ya msafara, nabeba maji na mkoba wa dawa, nahakikisha hakuna aliyeachwa. Ili utembee mbele, uwe kiongozi mwenye msafara wake, lazima uzungushe wageni huku Mjomba Hamadi akikufuata kimya. Yeye ndiye mkuu wetu. Ni mjomba wa mume wangu, lakini kazini hana ujomba. Simu anazikusanya asubuhi anazitia mkobani mwake, maana upande wa kusini mtandao haufiki, na anataka kuona una nini kichwani.

Mara ya kwanza nilishindwa. Niliongea mno, gofu la kwanza tu tukakaa mpaka jua likatuwakia utosini. Na sheria ni moja: ukishindwa mara mbili unarudi nyuma kubeba maji, na mtihani wa tatu haupo.

Niliitaka nafasi hii mpaka naona haya kuisema. Nimezaliwa Kilangala, kwenye mikorosho. Bahari nimeijua kwa kuolewa. Mwaka wa nane huu niko hapa, na bado naitwa "yule mke wa Salum wa kutoka bara". Wifi yangu Somoe, dada yake Salum, ndiye kinara. Yeye anachokoa pweza mwambani tangu hajavunja ungo, na mimi kaniita Mama Korosho tangu wiki ya harusi. Ananipenda, najua. Lakini kila akilitamka jina hilo mbele za watu nasikia mwiba.

Basi nikasema, siku nikitembea mbele, jina hilo atalimeza.

Sasa sikilizeni ujinga wangu.

Njia yetu ina mahali panaitwa Kibanio. Kushoto jabali, kulia bahari, katikati kijia cha mawe makali cha robo saa, kwa mwenye miguu mizima. Maji yakijaa, kijia hakipo. Unapita kuanzia maji yanapokupwa mpaka saa moja na nusu baadaye, zaidi ya hapo usijaribu. Na saa ya kupwa watu wa hapa wanaijua kwa tarehe ya mwezi. Mwezi kumi na sita, maji yanakupwa saa nne na robo asubuhi. Kumi na saba, saa tano. Watoto wa hapa wanalijua hili kabla ya kujua kusoma. Mimi nimelikariri kwa jasho, kama mtu anayekariri juzuu ukubwani.

Nikahesabu. Nikaandika kwenye karatasi: leo kumi na saba, kupwa saa tano, Kibanio mwisho saa sita na nusu. Nikaikunja vizuri nikaitia mfukoni. Sikumwuliza mtu. Ningemwulizaje Somoe, tena usiku wa kuamkia mtihani? Aseme Mama Korosho hajui hata leo mwezi ngapi?

Tulianza saa mbili. Wageni wangu walikuwa wawili. Mama Tekla, nesi mstaafu kutoka Mtwara, mama wa Kimakonde mwenye kicheko kikubwa na goti bovu la kushoto. Na mkwe wake Saidi, mzaliwa wa Ngazija, aliyemwoa bintiye. Binti mwenyewe kabaki Masoko na kichanga. Saidi ana adabu ya kuchekesha. Anatembea hatua tano nyuma ya mama mkwe, amemshikia mwavuli wake, na akisemeshwa naye anatazama chini.

"Shikamoo mama, goti litatufikisha?" nilimwuliza.

"Marahaba mwanangu. Litafika likilalamika. Wewe tembea."

Na safari ilikuwa nzuri, wallahi. Gofu la kwanza, Husuni Kubwa, sikukawia, nilijifunza. Nikawashusha ufukweni, nikawaonyesha madimbwi yaliyoachwa na maji mwambani, samaki wadogo wa rangi wanazunguka humo wakisubiri bahari irudi. Saidi akainama akaligusa jiwe, akakaa nalo muda.

"Kwetu ufuko ni mweusi," akasema. "Mlima wetu unatapika moto, ukifika baharini unaganda. Nimezoea jiwe lililotoka motoni."

"La kwetu limetoka majini," nikamwambia. "Haya yote ni matumbawe. Yalikuwa hai."

Akacheka kwa mshangao, akawa anaangalia anapokanyaga kama mtu aliyeingia nyumba ya watu. Mimi moyo ukanenepa. Nikatupa jicho nyuma kwa Mjomba Hamadi. Uso mkavu, lakini hakuwa amekunja ndita. Nikajiambia, umepita, mama, umepita. Na kwa kuwa karatasi ilinipa muda wa kutosha, nikawaacha wakae kwenye madimbwi mpaka waridhike.

Tulifika mdomoni mwa Kibanio saa tano na nusu. Kwa hesabu yangu nilikuwa na saa nzima ya kuchezea.

Nikawaona wanawake wa pweza.

Walikuwa wanarudi. Wote, mstari mmoja, kanga zimelowa mpaka viunoni, mitungo ya pweza mabegani, wanaelekea nchi kavu. Mbele yao Somoe. Nikasimama. Hawa hawaondoki mwambani maji yakiwa ndiyo kwanza yamekupwa, hiyo ndiyo saa yao ya kazi. Wanaondoka maji yakishageuka na kuanza kuwasukuma. Nikatazama kijia. Mawe ya mwanzo yalikuwa yamelowa, na wimbi jembamba likaja likaingia katikati yake, likatoka, likarudi.

Nakiri hapa kwa kuwa hapa hakuna wa kunikatiza: kwa pumzi tatu hivi, nilitaka kupita. Nilijiambia ni robo saa tu. Tukikaza mwendo tunatokea upande wa pili, hakuna atakayejua, na kesho mimi ni kiongozi. Mguu nilishaunyanyua.

Kisha nikasikia goti la Mama Tekla likilia nyuma yangu, kach, na yeye akigugumia "Yesu na Maria" taratibu. Kwa goti lile si robo saa. Ni nusu saa au zaidi, na bahari inakuja.

Nikaurudisha mguu. Nikaweka mikono mdomoni, nikapiga kelele mbele ya wageni, mbele ya mkuu wangu, mbele ya wanawake wote wa mtaa wetu:

"Wifi eee! Leo mwezi ngapi?"

Wakatazamana kwanza. Halafu vicheko, mwenzangu, vicheko vya wanawake kumi vinavyogonga jabali na kukurudia.

"Kumi na sita, Mama Korosho! Kwani wewe unayo ngapi?"

"Kumi na saba!"

Somoe akatua mtungo wake ili acheke vizuri. "Ndiyo ile Idi yako ya Ijumaa! Ulinitumia picha ya pilau mimi koo limekauka kwa saumu! Haya, nenda kaile huko Kibanioni!"

Loo. Hapo ndipo nilipojua.

Idi mwaka huu niliila Kilangala kwa baba. Kule wanafuata mwezi ukionekana popote duniani, wakafungua Ijumaa. Hapa kisiwani wanaungoja uonekane hapa, wakafungua Jumamosi. Nilikula pilau nikamtumia wifi yangu picha, na kweli niliituma kwa uchokozi, nikijua amefunga. Nikarudi nyumbani kwa mume wangu, nikabeba hesabu ya baba kichwani, na sikuirekebisha. Kila mmoja na Idi yake, na zote nazipokea kwa Mola. Ila bahari haikwenda Kilangala. Somoe aliucheza utani wangu wa pilau siku kumi na sita baadaye, na alikuwa na haki.

Nikawageukia wageni. Masikio yalikuwa yanawaka.

"Naomba radhi. Nimekosea kuhesabu. Maji yameshageuka, hapa hatupiti. Tunarudi."

Maneno machache tu hayo, na sijawahi kubeba kitu kizito kama hicho, ndoo za maji za miaka miwili nikiwa nimezihesabu.

"Afadhali umesema nikiwa na miguu mikavu," akasema Mama Tekla, akakaa juu ya jiwe kujipepea.

Kurudi tulikotoka ilikuwa mwendo mrefu, na ufukwe nao ulikuwa unaliwa. Somoe akaja mpaka tulipo, hakuwa anacheka tena. Akamtazama mama, akalitazama goti, akasema, "Njooni na njia yetu." Nyuma ya kichaka kulikuwa na ngazi, si ya kujengwa, ni miguu ya wanawake imelimega jabali miaka na miaka. Miaka minane naishi hapa, na miwili nimepita chini yake na msafara, sikuwahi kuiona. Sikuwahi kuuliza wao wanapandia wapi.

Somoe alitangulia, mimi nikasukuma kwa nyuma. Katikati kuna jiwe refu, lazima mtu akuvute kwa juu. Saidi alikuwa ameshapanda. Akatazama mkono wa mama mkwe wake, akasita, akateremsha ule mwavuli, kishikio mbele.

"Saidi baba," akasema Mama Tekla akihema, "mwavuli hauna mifupa. Nipe mkono!"

Akampa, macho kafumba kabisa. Hata Mjomba Hamadi alicheka, na ndiyo sauti ya kwanza aliyoitoa tangu saa mbili asubuhi.

Juu tukakata vichakani mpaka kijijini, saa nzima juani. Kisigino changu kilichunika hapo kwenye jiwe refu na sikusema. Somoe aliubeba mkoba wangu wa dawa pamoja na pweza wake, na njia nzima hakuniita jina lolote. Ningetamani aniite.

Tulipofika, Mjomba alitoa simu mkobani akanirudishia. Nikajua ndiyo hukumu.

"Ulipounyanyua ule mguu," akasema, "nilishafungua mdomo kukukataza. Ungeukanyagisha tu, ningevunja kimya, na kazi yako ingeishia pale pale."

"Najua, mjomba."

"Hujui. Kosa la tarehe hata mimi nimewahi. Kosa lako ni kulala na hesabu ambayo hukumwonyesha mtu, na nyumba yenu ina Somoe."

Nikainama kukitazama kisigino changu. Mdharau mwiba mguu huota tende, na mimi mwiba wangu niliutunza mwenyewe miaka minane. Nikamwuliza kwa sauti ndogo, "Basi nimeshindwa?"

Akavua kofia akaipangusa. "Mtihani ni kuzunguka kisiwa. Umekizunguka?"

"Nusu."

"Basi sijaona cha kuamua. Safari ambayo haijaisha siwezi kusema imeshindwa. Nitakuwa hapa kesho, kama utapata wageni wa kumalizia nao." Akaanza kwenda, akageuka. "Na ukikosea tena usiniletee machozi."

Wageni! Nitawatoa wapi wageni ndani ya usiku mmoja? Nikawa nimesimama kama mtu aliyepewa sufuria bila mchele. Mama Tekla alikuwa kwenye mkeka, mguu ameunyoosha, anakunywa dafu.

"Sisi tunaondoka Jumanne," akasema. "Kesho nina kazi gani? Sikuja kuona nusu ya kisiwa."

"Mama, na goti?"

"Goti nitalikanda. Wewe kakande hesabu zako."

Saidi akatazama chini, akasema naye yupo.

Nililia kidogo jikoni. Si sana, nilikuwa na vitunguu, sitaki kujisifu.

Alasiri Somoe amepita hapa barazani na bakuli la pweza wa nazi. Nimemwomba radhi ya ile picha ya pilau. Akasema radhi ataifikiria, lakini kesho asubuhi nzima atakuwa mwambani upande wa Kibanio, na nimtazame yeye. "Ukiniona nimetua mtungo, pita. Ukiniona nimeubeba, usipite hata kama karatasi yako imeandikwa na malaika." Halafu akaongeza, akiwa ameshafika mlangoni: "Lala mapema, Mama Korosho." Na ule mwiba sikuusikia.

Karatasi yangu bado iko mfukoni, imelowa pembeni. Nilitaka kuichana. Nimeifungua nikaisoma upya: kupwa saa tano, Kibanio mwisho saa sita na nusu. Nimemwuliza Somoe, nimempigia Mjomba, nimemwuliza Somoe tena mpaka amechoka. Hakuna cha kufuta hata herufi moja.

Muadhini anakijaribu kipaza sauti. Magharibi ikiingia, mwezi unakuwa kumi na saba.

Kwangu, na kwa bahari.