Radhi Moja, Nimeshaitoa

Nyumbani kwa Mama,
Chumba cha mbele,
Jumatano, tarehe 14.

Mpendwa Kaka,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta mzima, na kile kifua kilichokusumbua wakati wa baridi kimekuachia. Wifi yangu hajambo? Na wanangu wawili, bado wanagombania kiti cha dirishani? Sisi huku tu wazima. Mama naye ni mzima isipokuwa goti, na goti lenyewe limeshakuwa mtu wa nyumbani, kila asubuhi tunalijulia hali.

Nakuandikia kwa kalamu kwa sababu kwenye simu hunipi nafasi ya kumaliza sentensi. Karatasi haimkatizi mtu. Jirani yetu muuguzi anarudi huko kesho, ameahidi kukukabidhi mwenyewe kabla ya Ijumaa saa sita mchana. Ukisoma utajua kwa nini saa hiyo.

Najua Baba Mdogo ameshakueleza, na najua alivyoeleza, maana yule hata kikombe kikivunjika husema nyumba imeanguka. Ameniambia umekubali kumpigia bosi wangu uniombee msamaha. Kaka, wewe ndiye uliyenisomesha na nakuheshimu kama baba. Lakini simu hiyo usiipige. Nisome kwanza mpaka mwisho.

Unakumbuka kwa nini uliniita Masikio? Wakati wa mchezo wa redio nyumba nzima ilikuwa kimya, mimi napiga soga. Yakija matangazo, nawanyamazisha wote. Mlinicheka mpaka mkachoka. Basi masikio hayohayo ndiyo yaliyonipa kazi. Miaka ishirini na sita iliyopita nilianza katika kampuni hii ya matangazo kwenye chumba kisicho na dirisha, redio tatu mezani na daftari moja. Kazi yangu ilikuwa kusikiliza tangu alfajiri na kuandika kila tangazo la wateja wetu lilipopigwa: kijistari likisikika lote, duara likikatizwa. Nilijifunza kunywa chai kwa mkono wa kushoto ili kalamu isitoke kulia. Chooni nilikwenda wakati wa taarifa ya habari tu, maana hapo hawapigi tangazo. Kutoka chumba kile nikawa mwandishi wa matangazo, nikawa mnunuzi wa nafasi redioni, mpaka nikakabidhiwa idara nzima, na ofisi yenye dirisha na kiti kinachozunguka. Hakuna aliyenibeba.

Mwaka huu tulipata mteja mmoja, mama anayetengeneza sabuni ya kufulia. Ofisini tunamwita Mama Sabuni. Alianza na pipa moja nyuma ya nyumba, sasa ana banda na wafanyakazi kumi na wawili. Tangazo lake niliandika mwenyewe. Tulikubaliana lipigwe mara saba kwa siku, mwezi mzima. Kazi ya kununua nafasi redioni bosi ameishika mwenyewe tangu mwaka jana, mimi nikaachiwa kutia saini ripoti. Ripoti ya wiki mbili za kwanza ilisema saba kila siku, nami nikatia saini.

Aliyenizindua ni Mama. Unajua redio yake haizimwi ila umeme ukikatika. Jumapili moja nilikuja kumwona, akaniuliza, "Hilo tangazo lako la sabuni mbona silisikii? Au mmelifungia kabatini?" Nilicheka, halafu kicheko kikanikauka.

Nikachukua likizo ya wiki moja, nikahamia chumba hiki, nikanunua daftari, nikakaa na redio ya Mama kama zamani. Nikienda kuoga, Mama anashika kalamu. Siku sita tangazo lilipigwa mara mbili mbili. Siku ya saba lilipigwa mara moja na kipande, maana la pili walilikata katikati. Kumbe mteja alilipishwa nafasi saba, zikanunuliwa mbili, na zile tano kuna mtu amezila.

Daftari nilimpelekea bosi kwanza, kwa adabu zote, mlango umefungwa. Bosi wetu hawezi kukukaribisha hata chai bila kuwasha slaidi ukutani. Siku ile hakuwasha kitu. Aliniambia tu kwamba redio ya Mama ni kuukuu, haishiki mawimbi. Redio uliyomletea wewe, Kaka!

Ningeweza kunyamaza. Sikufichi, siku mbili nzima nilifikiria kunyamaza. Siku ya tatu Mama Sabuni akaja ofisini kuniuliza kama sabuni yake ndiyo mbaya. Madukani watu hawaiulizii, kwa hiyo pengine povu ni dogo, pengine harufu haipendezi. Alikuwa ameshawaambia wanawake watatu wapumzike nyumbani. Mkononi alishika mche wa sabuni, anaunusa na kuunusa tena. Nililia mbele ya mteja, jambo ambalo sijawahi kulifanya. Nikampa daftari. Nikamwambia sabuni yake haina kosa, kosa ni letu, na ile ripoti mimi niliitia saini bila kusikiliza, anisamehe. Alilipekua daftari ukurasa kwa ukurasa. Mwishowe akasema amenisamehe, ila nisirudie.

Basi radhi niliyokuwa nadaiwa ni hiyo moja, na nimeshampa mwenyewe.

Juzi Jumatatu bosi akaniita. Nikakuta barua imeshachapwa, kalamu imelazwa juu yake. Inasema nilikosea kuhesabu, na ninaomba radhi kwa kuichafulia kampuni jina. Nisipotia saini kufikia Ijumaa saa sita mchana, kazi sina. Niliisoma kwa sauti, neno baada ya neno, mlango uko wazi na idara yangu yote inasikia. Kisha nikairudisha mezani pamoja na kalamu yake. Kaka, nimekosea mengi katika maisha haya, na mume wangu wa kwanza ni ushahidi tosha. Lakini kuhesabu sikukosea.

Jana umeniandikia kwenye simu kwamba usitukane wakunga na uzazi ungalipo. Mimi wakunga sikuwatukana. Lakini mkunga akimbadilishia mzazi mtoto, tumpigie vigelegele? Nirudi kwenye kiti kinachozunguka nile matapishi yangu kila asubuhi, mbele ya vijana niliowafundisha mwenyewe kuhesabu? Sitaki, na usinibembeleze.

Usidhani siogopi. Naogopa sana. Bima inayomlipia Mama sindano za goti ni ya kampuni, na hilo ndilo linaloniuma. Nilimweleza yote nikitegemea ataniambia nikubali yaishe. Akanitazama juu ya miwani. "Goti hili nilikuwa nalo kabla ya bima," akasema. "Msinifanye kisingizio."

Kwa hiyo nina maombi mawili tu. Usimpigie yule bwana, maana ukiomba msamaha wewe, mkubwa wa nyumba, itakuwa sote tumeomba, na Mama ndani yake. La pili, goti la Mama tulibebe wawili mpaka nisimame tena. Kazi nitapata, na nisipoipata nitaianzisha. Mama Sabuni ameshaniuliza nani atamwandikia tangazo lijalo. Nimeipima meza ya chumba hiki, inaenea redio tatu.

Msalimie sana wifi, na wanangu waambie shangazi yao anawadai barua, hata ya mistari miwili. Baba Mdogo anakusalimu, japo mimi na yeye wiki hii tunasalimiana kwa kukohoa. Mama anakuombea afya na riziki isiyo na aibu, nami nasema amina. Mungu akulinde kila utokapo na akurudishe kwako salama.

Saini waliyoitaka wao sikuwapa. Naiweka hapa.

Dada yako akupendaye hata unapomkasirisha,
Masikio

Baada ya saini: Nimelazimika kuifungua tena bahasha. Sasa ni jioni, na Mama amekaa na daftari jipya tangu alfajiri bila kuambiwa na mtu. Leo tangazo la sabuni limepigwa mara saba, yote mazima, kwenye ileile redio isiyoshika mawimbi. Amehesabu yeye, si mimi. Anayetaka barua ya radhi kwa hesabu mbaya, sasa aje aombe saini kwa Mama.