Uzi Uliokatwa kwa Meno

Tarehe 4, mwezi wa pili

Dada yangu, mkali wa nyumba,

Shikamoo. Mwuza nyuzi akikupa robota hili, fungua katikati, barua nimeizungushia uzi mweusi. U mzima? Mguu bado unakusumbua? Mimi huku sijambo, ila magoti yananilegea siku hizi. Labda ni baridi ya mawe ya jumba hili.

Bwana Hakimu bado anawawinda wanawake wanaofanya kazi ya mama, ya kuponya kwa sindano na uzi. Wiki hii wameletwa watatu, wamefungiwa chumba cha chini, karibu na jiko. Mimi nashona mapazia juu, wao wanalia chini, na mpishi anaimba kwa nguvu ili asiwasikie. Lakini wawili kati yao huenda wakapona, kwa sababu karani anayeandika ushahidi ana moyo. Shahidi akisema, "Niliona moshi ukimtoka mdomoni," yeye anaandika, "Alikohoa." Hakimu haoni vizuri, na anaona aibu kusema haoni, basi anatia sahihi.

Sasa usinipigie kelele. Nampenda huyo karani. Mwembamba kama ufito, na alikuwa anatema damu kwenye leso, anaificha ndani ya mkono wa shati akidhani sitaiona, mimi niliyelishona hilo shati! Tabibu wa jumba alisema hatamaliza mwezi. Ningefanyaje? Nikafanya kazi ya mama. Nimeishona kwenye bitana ya kizibao chake, upande wa moyo, mishono saba ya kurudi nyuma, kama nilivyokuwa nikimchungulia mama mlangoni. Siku ya tatu nikamsikia anapanda ngazi anapiga mluzi.

Dada, nilikaa chini nikalia kwa furaha. Nijibu, hata kwa matusi.

Mdogo wako,
Chiriku


Tarehe 11, mwezi wa pili

Chiriku,

Marahaba. Mguu haujambo. Matusi utayapata, yameiva, ila kwanza nijibu jambo moja, na unijibu kabla mwuza nyuzi hajafunga mzigo wa kurudi.

Ulipomaliza mshono wa saba, uzi uliukata kwa nini? Kwa mkasi au kwa meno?

Habari za mapenzi niwekee kando. Mama alikukataza, mimi nilikukataza, na serikali inanyonga watu kwa kazi hiyo, lakini wewe umechungulia mlangoni mara mbili tatu ukajiona fundi. Na hayo magoti yako si baridi. Hebu sema, yalianza kulegea siku gani?

Dada yako


Tarehe 14, mwezi wa pili

Dada,

Shikamoo. Umenitia hofu mpaka nimeshindwa kutunga uzi kwenye sindano. Natumaini umeamka salama.

Kwa meno. Kwani siku zote tulikata kwa nini? Nyumba ya washonaji watatu na mkasi mmoja, na huo mmoja ukiutafuta utakuta umeukalia wewe! Nimekata kwa meno tangu nina miaka sita. Mama alipofika mwisho wa kazi ile alikuwa ananigeuzia mgongo, sikuona anakata na nini.

Magoti yalianza kesho yake. Sasa nikipanda ngazi napumzika mara tatu. Mpishi ananicheka, ananiuliza mtoto ni wa nani. Jana niliangusha sindano mara nne, na juzi nywele zilibaki kwenye kitana kama manyoya ya kuku.

Lakini yeye, dada, ungemwona! Mashavu yamejaa. Anakula mkate na kuomba mwingine. Ameniomba tuoane mwisho wa mwezi ujao. Aliniambia, "Nimeandika majina ya watu wengi katika kitabu kibaya. La kwako nataka niliandike pazuri." Mimi ni nani nikatae maneno kama hayo?

Niambie meno yana nini.

Mdogo wako,
Chiriku


Tarehe 22, mwezi wa pili

Mdogo wangu,

Nakuuliza hali na nakuomba usinidanganye, kwa sababu mwandiko wako umeshaniambia.

Ukikata kwa mkasi, mishono ile inafunga ugonjwa tu. Hauendi mbele. Mtu anaweza kupona, anaweza asipone, bahati yake. Ukikata kwa meno, umeacha pumzi yako kwenye uzi. Kila anachoongeza yeye unapungukiwa wewe, mpaka utakapokwisha. Ukikwisha wewe, yeye atabaki mzima, hata kizibao akikitupa motoni. Ndiyo maana mama alikuwa anageuka. Hakutaka ujue kwamba njia hiyo ipo.

Kumshonea upya kwa mkasi haiwezekani, mwili haukubali mara mbili. Kilichobaki ni kufumua. Wanaoweza kufumua ni wawili tu, aliyeshona na aliyeshonewa. Mtu mwingine akijaribu, uzi unakuwa kama waya. Ukifumua, afya yako inarudi siku hiyo hiyo, na ya kwake inakwenda ilikokuwa ikienda.

Najua utakalosema. Basi sikiliza jambo ambalo sijamwambia mtu. Wewe unajua mama alikufa kwa homa. Hakufa kwa homa. Nilikuwa na miaka kumi na mitano, nimelala kitandani wiki ya nne, hata maji siyamezi. Mama akanishonea gauni la kulalia. Aliukata uzi kwa meno na alijua anachofanya. Nilipoanza kusimama, yeye alianza kushika ukuta. Nilipoanza kukimbia, tukamzika. Nikaambiwa ukweli na shangazi baada ya matanga.

Hakuniuliza, Chiriku. Miaka kumi na minne naamka asubuhi nikiwa na nguvu, na kila asubuhi najua ni za nani. Sikuwahi kupenda mtu, sikuzaa, naogopa hata kucheka kwa sauti. Ndiyo zawadi unayotaka kumwachia huyo kijana?

Fumua. Nakupigia magoti, na mguu wangu wenyewe unaujua.

Dada yako anayekupenda


Tarehe 2, mwezi wa tatu

Dada,

Shikamoo. Nimemlilia mama upya, na nimekulilia wewe. Samahani kwa miaka yote niliyokuita roho ya chuma.

Lakini sifumui. Nimejaribu, usidhani sikujaribu. Alikivua kizibao kwa ajili ya joto, nikakichukua nikasema nakaza kifungo. Nilipouinua mshono wa kwanza kidogo tu, nikamsikia anakohoa huko aliko. Nikaurudisha.

Na si mapenzi tu. Yule wa tatu kule chini bado hajahojiwa. Akiandika mtu mwingine, atanyongwa. Mimi nikifa mapazia yatashonwa na fundi yeyote. Piga hesabu mwenyewe.

Yeye hajui na hatajua. Akiniuliza mbona nimekonda, namwambia nataka gauni la harusi linikae vizuri. Anacheka, masikini. Barua hii nimeiandika siku mbili. Usinikasirikie.

Mdogo wako


Tarehe 7, mwezi wa tatu

Mdogo wangu,

Sikubembelezi tena. Kula hata kama hutaki. Lala mchana, mpishi aseme anavyosema.

Robota la safari hii lina uzi mweupe wa gauni lako, na mzigo mwingine mdogo ambao mwuza nyuzi atamfikishia mwenyewe. Usimwulize.

Utanisamehe au hutanisamehe. Wewe ndiye pekee niliyebaki naye.

Dada yako


Tarehe 19, mwezi wa tatu

Dada,

Sikuamkii. Ulitaka sana kujua hali yangu, basi pokea: mimi ni mzima.

Nilijua Alhamisi asubuhi. Nilikuwa nimetoa mapazia uani, mabichi, nimeyajaza kwenye beseni, na nikapanda nayo ngazi. Nilipofika juu nilikuwa naimba. Sikuwa nimepumzika hata mara moja. Nilisimama pale nikiwa na beseni kichwani, moyo unapiga vizuri, magoti imara, nikaelewa. Mapazia yakaanguka mpaka chini.

Nilikimbia, dada. Nilikimbia kama mbuzi, na kila hatua niliyoweza kukimbia ilinithibitishia. Alikuwa mezani kwake, kichwa kimelala juu ya mkono. Kizibao kiko mapajani, kimegeuzwa ndani nje. Alikuwa ameifumua yote saba kwa kisu cha kuchongea kalamu, taratibu, bila kutoboa kitambaa. Kando yake kulikuwa na barua yako, na karatasi ya yule mwanamke wa tatu, amemhoji asubuhi hiyo kabla ya zamu, ameandika kwamba ni mkunga na hana hatia. Hakimu alikuwa ameshatia sahihi. Wametolewa wote watatu.

Mimi aliniandikia mistari miwili nyuma ya barua yako. Ni yangu, sikwambii.

Nimeisoma barua yako. Ulimwandikia vizuri. Ulimweleza unavyoamka asubuhi, unavyoogopa kucheka, ukamwambia, "Amua wewe, mimi sikupewa nafasi hiyo." Huo ni ukweli, na alistahili kuambiwa. Pengine ningekuwa wewe ningefanya hivyo hivyo. Lakini miaka kumi na minne umelia kwamba mama hakukuuliza. Dada, na mimi hukuniuliza.

Nakuchukia, na sina mwingine wa kumwambia kwamba nakuchukia isipokuwa wewe.

Tulimzika Ijumaa. Sikuweza kula siku ile, wala Jumamosi. Leo mpishi aliniwekea sahani nikaimaliza, akaniongezea nikamaliza. Anafurahi, anamwambia kila mtu nimepona. Nilikuwa na njaa, dada, njaa ya mtu mzima wa afya. Nikaomba ya tatu.

Mdogo wako