Maneno ya Baba Chini ya Shuka

Jumapili, mwezi wa pili

Mwanangu mpenzi,

Hujambo huko? Mimi sijambo, magoti tu yananisumbua, ila nimeshayazoea kama wapangaji wabishi. Baba yako yuko vilevile, chini ya shuka ulilomfunika siku ile ukiondoka. Pumzi yake moja inakula miezi. Lakini sikia: ameongea! Miaka yote hii midomo yake ilikuwa ikifunguka polepole, nikadhani anapiga miayo. Juzi nikalaza sikio kinywani pake hadi shingo ikakakamaa. Amesema, "Mwambie."

Nikwambie nini? Moyo hautulii. Dada zake wanasema ni wosia, wameshaanza kuulizia kiwanja.

Mama yako

Ijumaa, mwezi wa tatu

Mama yangu kipenzi,

Shikamoo. Natumaini magoti yamepata nafuu. Mimi mzima, ila usingizi sina. Mitambo yetu ya kufuma wakati inachoka. Asubuhi tunakuta meno ya chuma sakafuni, na nyuzi zilizokuwa zikimetameta zimekuwa rangi ya majivu. Waliojua kuiunda walishakufa, na Fundi Mkuu tunamwita Kesho, maana kila ukimwuliza ndilo jibu lake. Mtambo ukisimama, mashuka yake yote huko majumbani yanabaki vitambaa tu.

Wangu bado unazunguka. Nang'oa vyuma kwenye iliyokufa, naufungia huu. Usiwe na wasiwasi. Baba akisema tena, niandikie upesi.

Mwanao

Jumatano, mwezi wa tano

Mwanangu,

Salamu nyingi. Afya yako? Mimi leo hata magoti siyasikii. Baba yako anachangamka! "Mwanangu" amelimaliza kwa wiki chache, na "aache" kwa asubuhi moja tu. "Mwambie mwanangu aache..."

Aache nini? Kazi? Yule mchumba wako mwenye kofia? Kwa kiherehere nimefua nguo zilezile mara mbili. Jirani anasema huenda anapona.

Mama yako

Jumatatu, mwezi wa tano

Mama,

Shikamoo. Sijui nianzie wapi. Baba haponi. Maneno yanakuja haraka kwa sababu mtambo wangu unakufa.

Nimekuficha jambo. Sijawahi kuja likizo kwa sababu shuka lake linategemea miguu yangu. Nikiukanyaga mtambo, ugonjwa unatambaa. Nikiacha, unarudia mwendo wake, na unakumbuka daktari alivyosema, kwamba zimebaki siku chache. Sasa mtambo unanguruma, unaruka nyuzi, na mimi naogopa. Nikibaki, nitamshikilia kidogo tena bila kumwona. Nikija, namwua. Nifanye nini, Mama?

Mwanao

Ijumaa, mwezi wa tano

Mwanangu,

Pole sana. Humwui wewe, ugonjwa ndio unaoua. Miaka hii nimeishi na pumzi, si na mume. Nimechoka kumpangusa vumbi kama kabati. Nimeshasema, na Mungu anisamehe.

Ondoka hapo mtamboni upande basi. Kama ana la kukwambia, akwambie mwenyewe.

Mama yako

Jumanne, mwezi wa sita
Kwa mkono wa karani wa stendi

Mwanangu,

Hali yako siiulizi, nitaiona mwenyewe. Hukunijibu, lakini nimejua. Jana nikiwa nakunja nguo, shuka lilififia ghafla, na baba yako akaimalizia sentensi kwa sauti yake ileile, kana kwamba ndiyo kwanza umetoka chumbani: "...aache mlango wazi, joto hili!"

Basi, ndilo hilo tu. Si kiwanja wala si mchumba. Siku ile ulimfunika, ukatoka, ukafunga mlango. Nilicheka hadi nikalia. Naye akanitazama, akauliza mbona nimezeeka.

Nimempa uji, ameunywa. Anakuulizia. Pumzi zinamkatika, na daktari anasema huenda asiione Jumamosi. Mwenyewe anasema atakungoja, ila unamjua baba yako, subira hana. Ukishuka usinunue chochote, usisimame kusalimia mtu.

Mlango nimeuacha wazi. Usipige hodi.

Mama yako